Mlango wa Asumini Mbele ya Jini Mthamini

Katika zama zilizokwisha kupita, ambazo waliozishuhudia wamelala mavumbini na waliozisimulia nao wamewafuata, alikuwako Sultani mmoja jina lake Hamdani bin Raufu, naye alitawala mji wa Shangamu, mji wa nyumba nyeupe uliojengwa juu ya kilima cha chokaa, wenye masoko ya chumvi na nguo na vyombo vya shaba, na sifa yake kubwa, ambayo wasafiri waliichukua mpaka nchi za mbali, haikuwa dhahabu wala lulu bali mahakama yake. Ilisemwa kwamba katika Shangamu hakuna awezaye kumhonga mthamini. Sababu yake ni kwamba mthamini wa Shangamu hakuwa mtu.

Babu yake Sultani Hamdani aliwachoka wathamini wa kibinadamu, ambao mmoja akipewa mbuzi aliona nyumba kuwa ni kibanda, na akinyimwa aliona kibanda kuwa ni kasri, basi akamnasa jini mmoja jina lake Harkashi, akamvika pete ya shaba katika sikio, akamweka ndani ya kidaka kilichochongwa ukutani juu ya kiti cha kadhi, mahali ambapo wewe na mimi tungeweka bakuli la kauri na marashi. Akamfunga kwa ahadi: atathamini kila kinachofikishwa mbele yake bila kuongeza wala kupunguza, na siku atakayoshindwa kutaja bei ya kitu, pete itakatika. Ikishakatika itakuwaje, mzee yule hakusema, akafa na siri yake.

Ikawa ndiyo kanuni. Mwenye kudai kitu hulipa kwanza ada ya mahakama, fungu la kumi la thamani ya kile anachokidai, na kabla ya ada kulipwa kadhi hasikii neno. Nisemapo hasikii, hasikii kweli, kwa maana kilemba cha kadhi wa Shangamu kilikuwa na mikunjo miwili minene iliyoteremshwa ikafunika masikio, nayo haikupandishwa mpaka fedha igonge sinia. Kesi ikiisha, aliyeshindwa ndiye anayeubeba mzigo wa ada, kwa thamani ile aliyoikubali kwa kinywa chake. Na mdaiwa alikuwa na haki ya kupinga thamani aliyoitaja mdai, akaleta mashahidi kuonyesha kwamba kitu ni cha bei ya juu zaidi.

Hapo ndipo wakubwa wa mji walipopata mwanya. Mkubwa akidaiwa na maskini shamba alilompokonya, hakujisumbua kukana. Alisimama na kulisifia shamba, minazi yake, kisima chake, upepo wake mwanana, na thamani ikapanda, na fungu la kumi likapanda pamoja nayo, na maskini akarudi kwao mikono mitupu huku kadhi akimtazama midomo tu. Watu wakawa wanasema kwamba haki ya Shangamu ni tamu, ila kijiko chake ni cha dhahabu. Nami nasema haki ya namna hiyo bora ingeuzwa sokoni pamoja na chumvi, mtu ajue moja.

Sasa katika mji ule alikuwako mwanamke jina lake Shuweikha binti Nasibu. Baba yake, Fundi Nasibu, alikuwa mchonga milango, na alipokuwa akimwoza binti yake kwa Lemki bin Daudi alimjengea nyumba katika mtaa wa mafundi, nyumba ya vyumba vitatu na kisima, na mbele yake akatia mlango alioufanyia kazi tangu binti alipovunja ungo. Baba akafa, na mama alikuwa amekwisha kutangulia, na mtoto Mungu hakuwajaalia, na mwishowe Lemki naye akashikwa na homa, akafariki mkono wake ukiwa mkononi mwa mkewe. Shuweikha akaingia eda.

Mnajua mambo ya eda. Mjane hukaa chumba cha ndani, hatoki, hajipambi, hapokei wanaume. Nje, barazani, ndugu wa marehemu ndiye anayepokea watu. Na ndugu wa Lemki alikuwa Mughira bin Daudi, mfanyabiashara wa ngozi na pembe, mwenye maghala mawili na sauti ya upole. Mughira akawa anakuja kila alasiri, anakaa kwenye baraza ya mawe, anapokea tanzia, anaagiza kahawa, anawaambia watu karibuni kwangu. Mwanzo waliokuja walikuwa wa msibani, kisha wakaja wa biashara, kisha wakaja wa mazungumzo tu, na eda haijaisha mtaa mzima ulikuwa unasema tukutane kwa Mughira. Shuweikha aliyasikia hayo kutoka ndani, nyuma ya pazia, na akadhani ni wema. Akamshukuru Mungu kwamba shemeji yake hakuiacha baraza tupu.

Eda ilipokwisha, akatoka kama desturi kwenda kwa shangazi yake nje ya mji kuogeshwa na kubadilishwa nguo. Aliporudi akakuta komeo jipya mlangoni na mtumishi asiyemjua akifagia. Mtumishi akamwambia kwa adabu kwamba bwana mwenye nyumba hayupo, na kama ana shida aache salamu.

Akaenda kwa majirani, na majirani wakatazama chini. Hakuna aliyesema nyumba si yake, lakini kila mmoja alikuwa na mtoto anayefanya kazi ghalani kwa Mughira, au mkopo, au kaka mwenye tumaini la mkopo. Shoga zake aliosuka nao mikeka wakawa wakimwona huvuka upande wa pili wa njia. Akarudi kwa shangazi yake, Bi Mwanaarafa, ambaye uzee ulikuwa umemchukua akili, akawa anamwita kwa jina la dada yake aliyekufa zamani na kumuuliza mbona hakuleta kuni. Mwanzo Shuweikha alimsahihisha. Baadaye akaacha, akawa anaitika jina la maiti, maana lilikuwa ndilo jina pekee ambalo mtu alimwita.

Basi akaamua kushtaki. Alikuwa na bangili za fedha za mahari, na mtu mmoja aliyekuwa akiandikia watu mashtaka akamwambia kwamba zitatosha ada ikiwa ataitaja nyumba kuwa ni nyumba duni. Akamfundisha la kusema, na akamwonya kwamba mdai husema juu ya thamani mara moja tu, na baada ya hapo hana tena ruhusa ya kufungua kinywa mpaka kadhi afunuliwe masikio.

Siku ya kikao mahakama ilijaa. Sheikh Burhani, kadhi, mtu wa haki kwa kadiri kilemba chake kilivyomruhusu, aliketi kimya kama mtu anayetazama mvua dirishani, na juu yake kidakani palikuwa na kitu mfano wa moshi wa ubani uliokataa kutawanyika, na ndani yake pete ya shaba iking'aa. Jini Harkashi akauliza kinadaiwa nini. Shuweikha akasema ni nyumba ya vyumba vitatu, ya zamani, dari inavuja, kisima ni chembamba, na mlango mmoja.

"Mlango wa namna gani?" akauliza jini.

Ikamjia Shuweikha picha ya zamani. Alimwona baba yake akipuliza vumbi la mbao kutoka kwenye ua moja la mlango ule, akilitazama, akilipuliza tena. Bangili zilikuwa zimefungwa kwenye upande wa kanga yake.

"Mbao tu," akasema. "Mlango wa kawaida."

Fundi mmoja mzee nyuma akakohoa, na mtu mwingine akacheka. Shuweikha alihisi kama aliyemzaba baba yake kofi kaburini, na uso ulimwaka, lakini neno lilikuwa limekwisha kutoka.

Hapo Mughira akasimama, amevaa joho, akainama mbele ya kidaka, akasema kwa ile sauti yake ya upole:

"Ewe mthamini mtukufu usiyehongeka, mimi shemeji yangu simlaumu, msiba humsahaulisha mtu. Lakini siwezi kunyamaza nyumba ile ikitukanwa mbele ya hadhara. Ile ni johari ya mtaa. Thamani yake haipungui dinari elfu moja, na mlango wake peke yake ni nusu ya hizo. Naomba nilete mafundi waushuhudie."

Watu wakaguna kwa kustaajabu. Jini akauliza kama yuko tayari kuiapia bei hiyo, na Mughira akaapa kwa moyo mkunjufu, maana fungu la kumi la elfu ni mia, na mia Shuweikha asingeiona hata angesuka mikeka mpaka mvi. Kesi ikaahirishwa mpaka Alhamisi, mafundi waje. Na kanuni ilikuwa kwamba ada isipolipwa siku hiyo, madai hufutwa na hayafufuki tena.

Adhuhuri watu wakatawanyika kwenda kula na kulala, na kadhi akaenda kuswali, na ukumbi ukabaki mtupu. Shuweikha hakuondoka. Hakuwa na pa kwenda isipokuwa kwa shangazi yake, na siku ile hakuwa na nguvu za kuitika jina la mtu mwingine. Akaketi sakafuni chini ya kidaka, akajifunika kanga, na kwa kuwa amelelewa vizuri na hakuweza kukaa mahali na mtu bila kumjulia hali, akainua uso akasema:

"Umeshindaje, bwana?"

Moshi ukatikisika.

"Sijui linajibiwaje," jini akasema. "Tangu nilipofungwa hapa hakuna aliyeniuliza neno ambalo si bei."

Shuweikha akamwambia kwamba hujibiwa, nimeshinda salama, hata kama si kweli. Jini akalijaribu lile neno. Kisha akamuuliza kwa nini alisema uongo juu ya mlango, kwa kuwa majini husikia uongo kama sisi tunavyosikia chungu kilichopasuka kikigongwa. Basi Shuweikha akamweleza yote. Alimweleza jinsi wachongaji wa Shangamu wanavyotia mnyororo katika mlango wa tajiri, na samaki katika mlango wa aliyeomba watoto, na jinsi baba yake alivyochonga maua ya asumini kutoka chini mpaka juu ya mfaa, ule ubao wa katikati ambapo mbao mbili za mlango hukutana, kwa sababu alikuwa akimchongea binti. Akamweleza Lemki, ambaye kila arudipo alipitisha kidole kwenye maua yale kabla ya kubisha, naye ndani aliusikia mkwaruzo wa kidole, akajua ni yeye. Akasema anaitaka nyumba ili ausikie tena mkwaruzo ule, ingawa anajua kwamba hatausikia, na kwamba hilo si jambo la kumwambia kadhi. Akalia, na jini hakumkataza wala hakumwambia subira njema, na kwa hilo nampenda jini yule.

Walizungumza mpaka watu waliporudi, na kesho yake adhuhuri akaja tena, na kesho kutwa. Akamletea habari za njiani, bei ya chochote akaificha kwa makusudi. Naye jini akamweleza nchi yake ya nyuma ya Mlima Kafu, ambako alikuwa na mama na ndugu, na hakujua kama wamo hai. Shuweikha akamuuliza mbona haikati ile pete.

"Haikatwi," jini akasema. "Itakatika siku nitakayoshindwa kuthamini, na mimi sijashindwa bado. Na ikikatika, sijui nitakuwa huru ama nitakuwa majivu. Aliyenifunga hakusema, nami kwa kiburi sikumuuliza."

"Basi usishindwe," akasema Shuweikha.

Alhamisi ikafika. Mughira alileta wachongaji wote wa mji, akiwa amewakirimu pilau asubuhi, na mbele yao Fundi Shebwana, mkubwa wao, aliyekuwa rafiki wa marehemu Nasibu na ambaye kwa hofu ya Mughira hakuwahi kukanyaga kwa Bi Mwanaarafa kutoa pole. Shuweikha alisimama upande wake peke yake, bangili mkononi. Mafundi wakashuhudia mmoja mmoja, na kila mmoja akaupandisha mlango juu zaidi. Mti wake ni mvule wa moyo. Misumari yake ni shaba. Kazi yake haina ya pili. Mughira akawa anatabasamu na kuitikia kwa kichwa kama mtu anayesikiliza sifa za mtoto wake.

Akafika zamu Fundi Shebwana, naye akasema kwamba kwa mti na kazi ni dinari mia tano, na nyumba yote elfu. Jini akamuuliza kwa nini mlango huu uwe mia tano na mingine ya mvule iwe mia.

"Kwa ajili ya mfaa," akasema Shebwana. "Una asumini."

"Asumini huongezaje bei?"

Mzee akageuka kumtazama Mughira, na Mughira, ambaye alijua ngozi na pembe na hakujua lolote la mbao, akampungia mkono aendelee, azidi kusifu. Hakika mwenye tamaa hujichimbia kisima akaomba na kamba.

"Haichongwi ila mara moja katika maisha ya fundi," akasema Shebwana, "naye humchongea binti yake siku ya harusi. Tunaukusanyikia mlango huo mafundi wote, kila mmoja anapigilia msumari."

"Umepata kuuona mlango wa namna hiyo ukiuzwa? Kwa bei gani?"

Mzee akazishika ndevu zake, maana sasa aliona njia inakoelekea. Lakini alikuwa ameulizwa juu ya mbao, na mtu aliyeshika patasi miaka mingi aweza kudanganya juu ya kila kitu, juu ya mbao hawezi.

"Hauuzwi," akasema kwa sauti ndogo. "Sijauona ukiuzwa, wala baba yangu hakuuona. Tukishapigilia tunaapa kwamba mlango ule na nyumba inayoufuata ni vya binti, havitoki mkononi mwake mpaka litoke jeneza lake. Atakayeuuza au kuununua, hakuna fundi Shangamu atakayempigilia hata kigingi. Niliapa mimi pia. Msumari wa tatu kutoka chini ni wangu."

Mughira akasema kwa haraka kwamba haya si ya thamani, ni ya haki, na kadhi hajafunuliwa masikio, na ada haijalipwa, basi mthamini ataje bei na ada idaiwe. Na alikuwa na hoja, kwa maana Sheikh Burhani alikuwa amekaa pale pale, amefunikwa masikio, akitazama midomo ya watu.

"Kweli," akasema jini. "Mimi si kadhi. Nami nitasema ya thamani peke yake."

Moshi ukajikusanya ukawa na umbo, na watu wakaona kwa mara ya kwanza kwamba mle ndani mlikuwa na uso, uso wa mtu aliyekaa mahali padogo kwa muda mrefu mno. Shuweikha aliuona na akafahamu anachotaka kufanya. Akatikisa kichwa. Akainua mkono wenye bangili kama anayemzuia mtu asivuke njia. Kusema hakuruhusiwa, na hata angeruhusiwa, angesema nini? Jini akitaja bei, yeye amepoteza nyumba. Akisema ameshindwa, huenda asibaki wa kuulizwa ameshindaje.

"Nimethamini kwa masultani watatu," akasema Harkashi, "nikathamini ngamia na visima na heshima za watu. Bei ni kile ambacho mtu mmoja hutoa na mwingine hupokea. Nyumba hii haina awezaye kuitoa, kwa hiyo haina awezaye kuinunua. Haijauzwa, haiuzwi, haitauzwa. Mughira ameapa kwa elfu, na elfu hiyo ni yake yeye. Mimi nimetafuta bei ya nyumba ya binti Nasibu nisiione. Nimeshindwa. Na kisicho na bei hakina fungu la kumi."

Pete ikakatika. Nusu yake ilianguka kwenye sinia la ada chini ya kidaka, ikalia, na Sheikh Burhani, aliyezoea kwa miaka mingi kuona sinia likitikisika na kupandisha mkunjo wa kilemba, akapandisha wa kulia na wa kushoto, akasikia. Cha kwanza alichosikia ni mwanamke akilia mbele yake. Kidaka kilikuwa kitupu. Chini yake palikuwa na vumbi kidogo jeupe, na hakuna aliyejua kama ni majivu au ni chokaa ya ukuta.

Kesi yenyewe haikuchukua hata muda wa kunywa kahawa. Fundi Shebwana alitakiwa aseme tena aliyoyasema, na kwa kuwa mji wote ulikuwa umekwisha kuyasikia, hakuwa na pa kuyameza, akayasema, na safari hii kwa sauti kubwa. Wakasimama wengine wakataja misumari yao. Kadhi akahukumu kwamba nyumba ni ya Shuweikha, na kwamba Mughira, aliyeapa dinari elfu kwa kinywa chake, ataubeba mzigo wa ada kwa thamani hiyo hiyo, apewe mwanamke aliyesumbuliwa. Mughira akazilipa zile dinari mia, moja baada ya moja, sauti ya upole ikiwa imemkauka, na tangu siku hiyo hakuna aliyemsikia akikisifu kitu.

Habari zikafika kwa Sultani Hamdani. Sultani akaona haya, jambo ambalo kwa masultani ni nadra, akaamuru mikunjo ya kilemba cha kadhi ikatwe kwa mkasi mbele ya watu, na kadhi asikie kwanza, na ada idaiwe baadaye kwa atakayeonekana na kosa. Kisha akampelekea Shuweikha hariri na udi na mjumbe wa posa. Shuweikha akajibu kwa adabu kwamba maulana amemtukuza kupita kiasi chake, lakini yeye ni mwenye mlango usioachwa, na kasri lina milango ya kutosha. Sultani akacheka, akamwachia hariri.

Basi akarudi nyumbani kwake, tajiri kuliko alivyokuwa, na majirani wakaja. Walikuja na sahani zilizofunikwa kwa kawa, wakasema walijua tangu mwanzo, wakasema Mungu ni mkubwa, na jioni wakaenda makwao. Akamchukua Bi Mwanaarafa akae naye, naye bibi akamwita jina la dada yake mpaka siku alipofariki. Baada ya hapo nyumba ilikuwa kimya. Alilala chumba cha ndani akisikiliza, na hakuna kidole kilichokwaruza asumini. Alijua kwamba hakitakwaruza. Ameipata haki yake yote, na ndani ya haki hiyo hamkuwa na mtu.

Ukutani mwa chumba chake mlikuwa na vidaka, na kimoja akakiondoa bakuli lake akakiacha wazi. Kila adhuhuri alikitazama akasema, umeshindaje, bwana. Kidaka hakikujibu.

Siku moja akafanya jambo ambalo wajane wa Shangamu hawakuwa wakilifanya. Alasiri alifungua mlango mbao zote mbili, akatoka nje, akaketi mwenyewe kwenye baraza ya mawe, pale alipokuwa akikaa Mughira, kwa kuwa alikuwa amejifunza kwamba anayekaa barazani ndiye mwenye nyumba. Watu walipita wakashangaa, kisha wakazoea, kisha wakawa wanamwamkia. Akakaa hivyo alasiri baada ya alasiri, mwaka ukapita, na wa pili.

Ndipo akatokea njiani mtu mgeni, si kijana si mzee, nguo zake zimejaa vumbi jeupe la safari ndefu, na katika sikio lake moja palikuwa na tundu kubwa, la pete nzito iliyovaliwa miaka mingi na sasa haipo. Akasimama mbele ya mlango. Akapitisha kidole kwenye maua ya mfaa, taratibu, kutoka chini kwenda juu, na ule mkwaruzo Shuweikha akausikia mpaka kwenye mifupa.

"Nilifika nyuma ya Mlima Kafu," akasema mgeni. "Mama amekufa, na ndugu hawanijui. Mmoja aliniuliza nauza nini."

Ilikuwa sauti ile ile. Shuweikha alitaka kusema mambo mengi, akaanza na lile la zamani.

"Umeshindaje?" akamuuliza.

"Sikushinda salama," akasema. "Lakini nimefika."

Naye akasogea, akampisha nafasi barazani, na mgeni akaketi. Baadaye Sheikh Burhani aliwafungisha ndoa, na alipouliza mahari ni kiasi gani, bwana harusi akasema kwamba hiyo kazi ameiacha, akaweka mkekani nusu ya pete ya shaba iliyokatika, na bibi harusi akaikubali.

Hadithi yangu imefikia kizingiti, nami sivuki na viatu vyangu ndani ya nyumba ya watu. Chukueni lililo jema humu: mkitaka kujua kitu ni cha nani, msimuulize anayejua bei yake, muulizeni asiyeweza kuitaja. Na mpitapo penye mtu amekaa peke yake, muulizeni ameshindaje, kisha msimame msikilize jibu.